Mlinzi wa Picha za Kupamba

Kompyuta ya Mahfoudha iliamka asubuhi ile ikamuuliza nenosiri ambalo hakuwahi kuliweka. Si lile la kila siku, ambalo vidole vyake vililijua kuliko kichwa. Hili lilitokea mapema mno, kabla hata mashine haijachangamka, kwenye skrini nyeusi yenye alama ya kufuli. Alijaribu jina lake. Akajaribu jina la marehemu mamake. Kompyuta ikatoa mlio mfupi wa dharau, kisha ikanyamaza.

Alikaa kitako sakafuni, chumbani kwao Mlaleo, Kisauni. Mtu mwingine angesema hiyo ni kompyuta tu, itatengenezwa. Mtu huyo hajui kupamba ni nini.

Usiku wa kupamba, bi harusi anapoonyeshwa na mapambo yake, ni wa wanawake watupu. Mabuibui huvuliwa mlangoni, nywele huachiwa, na magauni ambayo hayatembei barabarani hutembea ukumbini. Simu hukusanywa kikapuni na shangazi mmoja mkali asiyejua msamaha. Kamera huwa ni moja, na mwenye kuishika huwa ni mwanamke wa kuaminika. Kisauni, mwanamke huyo alikuwa Mahfoudha. Hakupata jina kwa uhodari wa kupiga picha, maana wako wanaomshinda. Alilipata kwa sheria yake: picha zikishaingia kwenye kompyuta, kadi ya kamera hufutwa mbele ya mama wa bi harusi, na Mahfoudha huapa kwamba hakuna nakala ya pili popote. Diski ya kompyuta nayo alikuwa ameitia kufuli, na kufuli hiyo haikubali kufunguliwa kwenye mashine nyingine yoyote. Ilikuwa sheria nzuri. Hakuwahi kufikiri kwamba ingeweza kumfungia nje yeye mwenyewe.

Mle ndani mlikuwa na usiku wa Lamis, binti wa Bi Swabra, ambaye Jumapili alikuwa apande ndege kumfuata mumewe Maskati. Mamake alitaka video kabla mwana hajaondoka, na subira si katika tabia zake. Simu ililia Mahfoudha akiwa bado pale sakafuni.

"Mwanangu Mahfoudha, picha zetu zi wapi?"

"Zipo, Bi Swabra. Ndiyo nazitengeneza."

"Zipo kwako mwenyewe? Maana nasikia siku hizi mmoja apiga picha, mwengine ndiye atengenezaye. Sitaki mambo hayo."

"Zipo kwangu, wallahi."

"Haya. Wanangu walikuwa vichwa wazi mle. Mkamwana wangu alivaa gauni la mgongo wazi, nami nilimwambia. Zikitoka nje hizo, nyumba za watu zitavunjika, na mimi nitasema zilitokea kwa nani."

Mahfoudha alisema inshallah, akakata simu, akajiona ameshasema uongo, ingawa picha kweli zilikuwa kwake.

*

Barakat, mumewe, alikuwa na duka la rangi na misumari Bakarani. Hakuwa mtu wa kupiga wala wa kufoka. Alikuwa mtu wa kuuliza. Mkewe alikuwa amemzoea, kama mtu anavyozoea bomba linalodondoka.

"Nimeambiwa kuna fundi barabara ya Malindi," Mahfoudha alimwambia mchana wakila. "Aitwa Tsofa. Wasema hizi za kufuli huziweza."

"Ni mwanamume?"

"Ni fundi."

"Nimeuliza, ni mwanamume?"

"Wamjua fundi wa kompyuta mwanamke hapa Kisauni, Barakat? Nionyeshe nimpelekee."

Barakat alisukuma sahani. Mafundi wote, alisema, ni wezi wa macho. Ukiwapa simu watengeneze spika, wao hufungua picha. Barazani kulikuwa na mtu aliyesema mashine hizi hazisahau, kwamba hata ukiitoa diski, picha hubaki zimejificha ndani kwenye vyuma. Mahfoudha hakuwa na elimu ya kumkanusha, na hofu yake mwenyewe ilikuwa kubwa kiasi cha kutaka kuamini chochote.

"Basi nifanyeje?" aliuliza. "Bi Swabra atanitangaza mji mzima. Nikipoteza jina, sina kazi nyingine."

Barakat alimtazama mkewe akilia juu ya wali wa nazi. Akanawa mikono.

"Nitampelekea mimi. Nitafunga duka, nitakaa pale pale ubavuni mwake mpaka amalize. Hataona hata ukucha."

Siku ile Mahfoudha alimpenda mumewe kama siku za mwanzo.

*

Kibanda cha Tsofa kilikuwa nusu yake tu. Nusu nyingine ilikuwa ya Fondo, muuza filamu, na kompyuta moja kuukuu waliitumia wote wawili. Kwa hiyo Tsofa hakuacha kitu chake chochote ndani yake. Kazi yake yote ilikaa kwenye flashi aliyoivaa shingoni kwa kamba ya kiatu, kwa sababu Fondo ana marafiki wengi, na marafiki wa Fondo wana vibanda vyao vya ufundi.

Alisikiliza shida, akaipindua kompyuta, akaguna.

"Hii ilikuwa ya kampuni huko Ulaya kabla haijaletwa mtumba. Walitia nenosiri lao kwenye chipu, hii inayoiamsha mashine. Betri ndogo ya saa iliyomo ndani ikiwa nzima, haikuulizi kitu. Sasa betri imekufa, imeshtuka, inakuuliza wewe ni nani."

"Na picha?"

"Picha gani?"

Barakat akajuta kulitaja neno hilo. "Diski, nataka kusema."

"Diski siihitaji." Tsofa alifungua skrubu, akaichomoa, akamwekea mkononi. "Shika mwenyewe, mzee. Tia mfukoni."

Mtu mwingine angetulia hapo. Barakat aliitia diski mfukoni, akaishikilia kwa mkono mmoja, na wasiwasi wake ukapanda. Kwa nini huyu ametoa kwa wepisi hivi? Mwizi anayekuachia mlango wazi, ameshapata dirisha.

Tsofa naye alikuwa na wasiwasi wake. Wateja huacha kompyuta wakaenda zao. Huyu ameketi kwenye kigoda, ananyoosha shingo, anatazama kila kibonyezo. Nani kamtuma? Programu aliyokuwa akitumia ilikuwa ya zamani, imeshaachwa na walioitengeneza, na alihangaika sana kuipata. Zile mpya hukataa kugusa chipu iliyofungwa. Hii ya zamani haikujua kukataa. Ilikuwa ndiyo ugali wake, na hakuwa tayari kumwonyesha mtu. Akaigeuza skrini ikatazama ukutani.

"Mbona wageuza?" Barakat aliuliza.

"Jua."

Hakukuwa na jua. Kibanda kilikuwa na paa la mabati na turubai mbele.

Tsofa alibana kijikoleo chenye nyaya juu ya chipu, akachomeka flashi, akaanza kazi. Hakueleza. Kama angeeleza kwamba anaisoma chipu, anaweka nakala yake kwenye flashi, kisha atatia nakala nyingine aliyoigeuza ili nenosiri lisiulizwe, maneno hayo machache yangeokoa mengi. Lakini fundi hafundishi bure, na Barakat hakuuliza swali la kufundishwa. Aliinuka polepole, akajifanya ananyoosha mgongo, akachungulia. Akaona mstari wa kijani ukijaa. Akaona taa ya flashi inapepesa. Kitu kilikuwa kinatoka kwenye kompyuta ya mkewe kinaingia kwenye kamba ya shingo ya mwanamume yule.

"Wanakili nini?"

"Kaa chini, mzee. Sasa hivi inaandika, usinigusie meza."

"Nimekuuliza, wanakili nini kwenye mali ya mke wangu?"

"Nimesema usi—"

Barakat aliichomoa flashi. Nyaya zikafuatana na mkono wake, kijikoleo kikaruka kutoka kwenye chipu, na ule mstari wa kijani ukasimama katikati.

"Mwizi!" alipiga kelele, na barabara ikasimama kusikiliza. "Mwizi wa heshima za watu! Diski ninayo mfukoni, na bado aiba! Haya, jamani, muoneni!"

Kanze, muuza viazi karai, aliacha karai lake. Fondo alizima filamu. Tsofa alisimama, mikono imemlegea, akiitazama ile kompyuta kama mtu aliyeangushiwa chungu jikoni. Barakat aliondoka na flashi ngumini, kanzu ikipepea, na hakuna aliyemzuia, kwa sababu ukishaitwa mwizi Kisauni, jambo la kwanza ni kuomba watu wasikusogelee.

*

Tsofa alimpigia Mahfoudha, kwa namba iliyobandikwa kwenye kompyuta. Alimwamkia kwanza, maana ndivyo alivyolelewa, kisha akamweleza yote aliyokuwa hakumweleza mumewe.

"Sasa chipu imeandikwa nusu, mama. Ni maiti. Haiwaki hata taa."

"Na picha zangu?"

"Ziko kwenye diski, lakini diski inaijua mashine hii tu, na mashine imekufa. Nakala ya chipu ilikuwa kwenye ile flashi, pamoja na programu. Mtandaoni nitapata chipu ya kompyuta ya namna hii, lakini siyo hii, diski itaikataa. Nikipata ile flashi, itafufuka. Ikipotea, mama, usinilaumu."

Barakat alirudi baada ya alasiri. Duka lilikuwa karibu, kibanda kilikuwa karibu, na yeye alikuwa amechukua muda mrefu kuliko njia ya vyote viwili. Mahfoudha alimpokea mlangoni.

"Flashi i wapi?"

"Ninayo. Yule fundi—"

"Najua. Nipe. Umeivunja? Umeitupa?"

"Sikuivunja. Usiwe na wasiwasi, mke wangu, mle hamna picha hata moja. Mna vifaili viwili vitatu tu, vina majina ya namba, havifunguki."

Mahfoudha alinyoosha mkono, akaipokea flashi, na kamba yake ya kiatu. Alikuwa ameshageuka kwenda kuchukua buibui lake. Akasimama.

"Umejuaje?"

Barakat alivua viatu. Alikivua kimoja, akakiweka vizuri, akakivua cha pili.

"Nilipita saiba, kwenye kompyuta za kukodi."

"Saiba."

"Nilitaka kuhakikisha. Nisije nikamsingizia mtu."

"Ulishamwita mwizi mbele ya barabara nzima, ndipo ukaenda kuhakikisha?" Hakuwa anapiga kelele. "Saiba imejaa watu, Barakat. Wanaume watupu. Ukaichomeka mbele yao?"

"La, la, la. Sikufanya hivyo. Nilichagua kompyuta ya pembeni, ile inayotazama ukuta."

Alilisema kwa kujitetea, maskini, na hakuelewa kwa nini mkewe alikaa chini ghafla.

"Ya pembeni," Mahfoudha alisema.

"Ili wasione wengine."

"Na wewe?"

"Mimi ni mumeo."

"Ni mume wangu mimi. Lamis si mkeo. Mkamwana wa Bi Swabra si mkeo. Ulikwenda ukiamini wamo mle. Ndivyo ulivyopiga kelele, kwamba wamo. Ukakaa pembeni, ukafungua. Sasa niambie. Kama wangalikuwamo?"

"Ningalifumba mato."

"Ungalijuaje pa kufumbia?"

Mahfoudha alianza kukumbuka, na kukumbuka kukishaanza hakuombi ruhusa. Kila aliporudi kutoka kupamba, Barakat alikuwa macho, na maswali yake. Kulikuwa na nani? Mtoto wa fulani alivaa nini? Ni kweli yule mrefu amepaka nywele rangi? Naye alijibu huku akivua viatu, akifikiri mume wake anajali kazi yake. Amemsimulia vichwa vya watu kwa miaka. Aliona haya, na hasira juu ya haya.

"Kesho twenda kwa fundi," alisema. "Sisi wote wawili. Asema hagusi kitu mpaka aliyemwita mwizi mbele ya watu aje aseme mbele ya watu."

"Niende kujidhalilisha kwa kijana yule?"

"Waweza kukaa. Nitakwenda mwenyewe niwaeleze watu kwa nini sasa tunajua si mwizi."

*

Walikwenda. Barakat alitangulia hatua chache, kama kawaida, lakini safari hii ilikuwa kama anasukumwa. Kanze alikuwepo na karai lake, Fondo alikuwepo, na walikuwepo wengine ambao hawakuwa na haja ya viazi wala filamu.

"Jana nilikuita mwizi," Barakat alisema, akitazama turubai. "Nimekosea. Nisamehe."

"Sijasikia," akasema mtu nyuma.

"Nimesema nimekosea!"

Tsofa aliipokea flashi yake, akaikagua, akaivaa. Angeweza kuyaacha hapo. Lakini usiku kucha alikuwa ameulizwa na mkewe kama ni kweli, na asubuhi mteja mmoja alikuja kuchukua simu yake kabla haijatengenezwa.

"Jana ulikuwa na hakika sana, mzee. Leo nani kakwambia umekosea?"

Barakat alirudi kutazama turubai. Watu wakasubiri. Kanze aligeuza viazi bila kuviangalia. Lilikuwa swali dogo, na jibu lake lilikuwa limesimama pale pale ndani ya buibui jeusi.

"Mimi ndiye niliyemwambia," Mahfoudha alisema. "Nilimweleza vile ulivyonieleza kwenye simu."

Tsofa alimwangalia yule mama, akamwangalia mumewe, akaona kuna kitu, na akaona si chake. Akabana kijikoleo. Hata siku ile aliigeuza skrini yake ukutani, asiione mtu. Safari hii hakuna aliyeuliza.

Ilichukua muda. Barakat alisimama nje kwenye jua la kweli. Hatimaye taa ya kompyuta ikawaka, kukasikika mlio, na Kanze, ambaye hakujua kinachofufuliwa ni nini, akapiga kigelegele. Nenosiri la wazungu halikuulizwa. Tsofa alirudisha diski, akatia betri mpya ya saa, na ile kufuli ya Mahfoudha mwenyewe ikatokea ikisubiri.

"Hapo ni pako, mama," alisema. "Malizia. Mimi naangalia barabara."

Akawapa mgongo kabisa, akatazama magari. Fondo naye akageuka. Mahfoudha aliandika nenosiri lake, akaona faili la Lamis lipo, akaifunga kompyuta haraka. Alipoinua uso alimwona mumewe. Barakat alikuwa amegeuka upande huu, akageuka upande ule, hajui atazame wapi. Mahfoudha alitaka kumhurumia, na hakuweza.

*

Bi Swabra aliitazama video yote, mlango umefungwa, na Lamis akimlalia begani. Walicheka, wakalia, wakamsema shangazi wa kikapu. Kisha Bi Swabra akafuta macho na kurudi kwenye kazi yake.

"Sasa niapie. Nimesikia ilipelekwa kwa fundi."

"Ilipelekwa, Bi Swabra. Iliharibika. Diski haikukaa mkononi mwake, ilikuwa kwa Barakat, imefungwa. Wallahi hakuna mwanamume aliyeona picha hizi."

Ilikuwa kweli tupu. Mahfoudha alishangaa kuona kwamba kweli nayo inaweza kukukwama kooni.

"Nakuamini," Bi Swabra alisema. "Hilo la kibanda limenifikia. Wasema Barakat alimvamia fundi kwa ajili ya stara ya wanangu. Alikosea, masikini, lakini hilo ni kosa la mtu mwenye heshima. Wanaume wangapi wafunga duka kwa ajili ya watoto wa watu?" Aliinuka, akarudi na bakuli limefunikwa kitambaa cha kutarizi. "Hii ni halua ya harusi. Si yako, mwanangu, usiniudhikie. Ni yake. Mwambie imetoka kwangu na kwa wasichana wote waliokuwako usiku ule."

Lamis aliitikia kwa kichwa. "Mwambie ahsante, dada."

Mahfoudha aliibeba. Njia nzima alifikiri kuimwaga, akashindwa, maana ni amana, na yeye hajawahi kupoteza amana.

Barakat alikuwa amekaa ukumbini, redio chini chini. Mkewe alimwekea bakuli mbele, akaondoa kitambaa, akamwaga kahawa kikombe kimoja.

"Umeletewa."

"Na nani?"

"Na Bi Swabra. Na wasichana wote waliokuwa kupambani. Wakushukuru kwa kuwalinda."

Barakat aliitazama ile halua, inang'aa kwa samli, na lozi juu. Akazima redio.

"Sina njaa."

"Si ya njaa."

Mahfoudha alivuta kiti, akaketi mbele yake, akaegemeza viwiko mezani. Mumewe akakata kipande kidogo, akakitia kinywani, akakitafuna kwa muda mrefu kuliko halua inavyohitaji kutafunwa. Akakata kingine. Macho ya mkewe hayakubanduka.

"Na wewe je?" aliuliza mwishowe, akilisogeza bakuli upande wake. "Kula basi, mke wangu."

"Kula wewe," Mahfoudha alisema. "Mimi sikuletewa."